Sina Mtu

Fundi alifika asubuhi na mfuko wake wa vifaa begani, na kwa mara ya kwanza tangu aanze kuingia chumba kile, hakuja kutengeneza. Alikuja kuharibu.

"Tuanzie wapi?" aliuliza.

"Mlango," alisema Mama Chiriku. "Ulegeze, ulie kama zamani. Siku hizi unafunguka kimya kama mlango wa benki. Nani ataamini hapa anakaa mjane?"

Fundi akachuchumaa, akatoa bisibisi, akaanza kulegeza bawaba alizozikaza kwa mikono yake mwenyewe. Aliifanya kazi ile polepole, uso umemshuka, kama mtu anayemvua mtoto nguo mpya.

"Zaidi," alisema Mama Chiriku.

"Nikizidisha utaanguka."

"Zamani ulikuwa unataka kuanguka. Zidisha."

Kutoka kitandani, Bibi akaangua kicheko. "Uacheni mlango, mniharibu mimi! Mimi ndiye niliyenawiri kupita kiasi. Hebu yaoneni mashavu haya. Huyo mratibu wenu wa mradi akija kukagua leo akaniona, atasema kikongwe huyu kapata bwana."

"Mama, punguza sauti."

"Ndiyo kwanza nimeianza."

Bibi alikuwa mama mkwe wake. Mwanawe, mume wa Mama Chiriku, alifariki Chiriku akiwa bado ananyonya, na ndugu walipokuja kugawana vitu, walichukua kila kitu isipokuwa mama yao. Miguu yake ilikuwa imekwisha kufa ganzi, na mtu wa kulazwa na kugeuzwa hafai kugombaniwa. Watu walimwambia Mama Chiriku, wewe mwache, si mama yako. Aliwauliza, basi ni wa nani? Akabaki naye.

Chumba walichokaa kilikuwa cha mradi. Shirika moja lilijenga nyumba ile ndefu kwa ajili ya wanawake waliofiwa na waume na wasio na pa kushika. Hulipi kodi. Choo kiko hapo hapo chini, hakina ngazi. Na nesi wa mradi anapita kila wiki kuosha vidonda na kuleta dawa. Ukiwa na mgonjwa kama Bibi, mwenye kidonda cha mgongoni kilichotaka kumfikia mfupa, nesi yule ndiye uhai wenyewe. Ila kulikuwa na sharti moja tu: ukipata mume, au mtu wa kukuangalia kama mume, unampisha mwenzako. Wala sharti halikuwa la roho mbaya. Nje ya uzio kulikuwa na wanawake wanaolala kwenye vibaraza vya maduka na watoto wao, wakisubiri mmoja wa ndani apate bahati ya kupendwa ili wao wapate pa kulala.

Basi siku ya ukaguzi ilipokaribia, nyumba nzima iligeuka. Vitu vyote vyenye harufu ya mwanaume vilitafutiwa maficho. Redio, jirani wa mlango wa pili, aliyeitwa hivyo kwa sababu habari haikai kwake, alikuwa ameitia suruali kubwa ya kiume ndani ya sufuria, akafunika, akaiweka juu ya jiko lisilo na moto. "Akifunua," alisema, "nitamwambia haijaiva."

Mama Chiriku hakuwa na suruali ya kuficha. Fundi hakuwahi kulala pale hata siku moja. Alichokuwa nacho yeye kilikuwa kibaya zaidi: chumba kizima kilikuwa kimepakwa mapenzi. Rafu ya vyombo ilikuwa imenyooka. Dirisha lilifunga. Kitanda cha Bibi kilikuwa kimeinuliwa kwa magogo manne ili anayemgeuza asivunjike kiuno. Mwanamke anayepiga pasi nguo za watu kwa dobi kutwa nzima, akarudi na mgongo umepinda, angetoa wapi rafu iliyonyooka?

Fundi alishusha rafu, akaiegemeza ukutani kama ubao uliookotwa. Halafu akageukia mshikio.

Mshikio ulikuwa mti wa mbao nyekundu, mrefu, uliopigiliwa ukutani kandokando ya kitanda. Bibi aliushika kwa mkono mmoja akajiinua mwenyewe, akakaa, akala bila kulishwa. Kabla ya mshikio ule alikuwa ameangalia dari kwa miaka.

"Huo usiuguse," alisema Bibi. Kicheko kilikuwa kimekatika.

"Bibi, ni wa leo tu. Jioni naurudisha."

"Kijana, mimi leo nitapokea mgeni nimekaa. Sitapokea mtu nimelala chali kama samaki sokoni. Utoe mlango mzima ukitaka. Huo uache."

Fundi alimtazama Mama Chiriku. Mama Chiriku alitazama mshikio, akatazama kile kiganja kikavu kilichoukumbatia, akatikisa kichwa. Uache.

Lilikuwa kosa, na wote watatu walijua.

Mama Chiriku alirudi mlangoni kumsaidia Fundi kushikilia ubao wakati anaujaribu. Walisimama mmoja ndani, mmoja nje, ubao katikati yao. Vidole vyao vilikutana kwenye ukingo, vya yule vikinukia mbao mbichi, vya huyu vikinukia mvuke wa pasi, na hakuna aliyeondoa vyake.

Hivi ndivyo walivyopendana, kwa kukutana kwenye kingo za vitu. Siku ya kwanza Fundi alikuja kumtengenezea Redio dirisha. Akasikia ng'ambo ya ukuta mwanamke mzee anacheka mpaka anakohoa, akashindwa kufanya kazi, akaenda kuchungulia kinachochekesha. Akamkuta Mama Chiriku anamchana mama mkwe wake nywele huku anamwigiza dobi, mwajiri wake, anavyopigana na shati la mteja mnene. Fundi akacheka pale mlangoni. Mama Chiriku akageuka, kitana mkononi, akamwona. Tangu siku ile kila kitu ndani ya chumba kile kikawa kibovu na kinahitaji fundi.

"Nina wazo," alisema Fundi sasa, kwa sauti ya chini.

"Silitaki."

"Hujalisikia."

"Nimeona shati. Umevaa shati la kwenda kwa watu. Unataka kuongea na Mratibu."

Fundi akaona haya, akaushika ukosi wa shati lake. "Nataka kumwambia ukweli. Nimwambie nampenda huyu mama, nataka kumuoa, na huyu bikizee nampenda karibu sawa na yeye. Ni mtu mzima, ataelewa."

"Ataelewa, atalia na sisi, halafu atatupa mwezi mmoja wa kuhama. Baada ya hapo?"

"Mnakuja kwangu."

"Kwako wapi?"

Kwake kulikuwa ndani ya karakana. Alilala juu ya benchi la kazi, akiamka anakunja godoro, anaanza kupiga randa pale pale alipolala. Choo kilikuwa ng'ambo ya barabara, chini ya ngazi nyingi zenye utelezi.

"Nitambeba," alisema.

"Mchana utambeba. Usiku utambeba. Na kidonda? Utakiosha na gundi ya mbao?"

"Usinifanyie mzaha."

"Nisipofanya mzaha nitalia, na leo sitakiwi kuwa na macho mekundu."

"Nisikilizeni," alisema Bibi kutoka kitandani. Miguu yake ilikuwa imekufa lakini masikio yalikuwa mazima kuliko ya wote. "Nipelekeni kwa yule mwanangu mkubwa, mkanitue mlangoni, mbishe hodi, mkimbie."

"Alishasema hakutaki, mama."

"Basi ningekufa, mkaoana. Lakini nesi huyu ananitibu vizuri mno, huo ndio ubaya wake. Kila nikianza kuondoka ananirudisha."

Walicheka. Walicheka wote, Bibi zaidi ya wote. Kisha kicheko kikaisha ghafla, mmoja baada ya mwingine, na hakuna aliyejua pa kutazama.

Ndipo Redio alipopiga chafya kule nje.

Chafya ya Redio ilikuwa ndiyo alama. Akimwona Mratibu anaingia getini, apige chafya tatu za nguvu. Ila Redio alikuwa amemsimamisha mtu fulani anamsimulia habari za mtu fulani, na alipokuja kukumbuka chafya, Mratibu alikuwa amekwisha vuka uwanja. Badala ya kuanzia chumba cha kwanza kama kawaida yake, alikuwa ameanzia cha mwisho, hiki chao.

"Hodi humu!"

Mlango ulilia kilio kirefu, ukainama upande mmoja, ukataka kumwangukia. Fundi akaudaka.

"Maskini!" alisema Mratibu. "Mlango huu bado tu? Mara ya mwisho ulinitia aibu mpaka nikaota." Alikuwa mwanamke wa makamo, viatu vya chini vilivyolika kisigino, macho ya mtu asiyelala vya kutosha. Akamtazama Fundi, na bisibisi aliyoishika. "Ahsante Mungu, umepata fundi. Endelea, kaka, usisimame kwa ajili yangu."

Kwa hiyo Fundi, aliyetoka tu kuulegeza mlango ule, akachuchumaa na kuanza kuukaza.

Mratibu hakukaa kwenye kiti. Alikaa kitandani, pembeni ya Bibi, akamshika mkono, akamuuliza alivyoamka, akaomba kukiona kidonda. Alikiangalia mwenyewe, kwa karibu, bila kukunja pua. "Kinafunga," alisema, na uso wake ukafunguka kwa furaha ya kweli. "Kinafunga, Bibi! Wiki chache nzuri kama hizi, kitakuwa kovu."

Ilikuwa vigumu kumchukia. Mama Chiriku alijaribu, akashindwa.

"Na umekaa," aliendelea Mratibu. "Mara ya mwisho ulikuwa hukai." Kisha akaona. Akanyoosha mkono, akapitisha kiganja juu ya mshikio, kutoka ncha moja mpaka nyingine, polepole. "Nani ametengeneza huu?"

Bibi akainua macho darini.

"Mungu," alisema Bibi.

"Mungu siku hizi anapiga msasa?"

"Anapiga kila kitu, mwanangu."

Mratibu akatabasamu, lakini mkono wake haukutoka juu ya mbao. "Baba yangu alikuwa seremala. Mimi nimekulia ndani ya maranda. Kazi ya kulipwa naijua. Kazi ya msaada naijua, katika mradi huu nimezipokea nyingi, mara nyingi inachoma mwiba." Alibonyeza ncha ya mshikio, pale ilipozungushwa na kulainishwa kama yai, mahali ambapo mkono wa Bibi ungegusa labda siku moja kwa bahati mbaya. "Hii si mojawapo. Hii mtu ameisugua huku anamuwaza mtu."

Akamgeukia Mama Chiriku. Hakuwa na hasira. Afadhali angekuwa nayo.

"Dada yangu, nitakuuliza, na nitaamini utakachonijibu, kwa sababu nisipowaamini ninyi siwezi kuifanya kazi hii. Mwezi huu nimewatoa wawili. Mmoja amenikumbatia, mwingine amenitukana, na wote nimewalilia. Niangalie. Una mtu?"

Kule mlangoni bisibisi ilisimama.

Mama Chiriku alimwangalia Mratibu usoni, kama alivyoambiwa. Lakini pembeni ya jicho lake, kule chini mlangoni, aliona goti la Fundi, na mkono uliotulia juu ya goti. Alifikiria benchi la kazi na ngazi zenye utelezi. Alifikiria kidonda kinachofunga.

"Sina," alisema.

"Huna?"

"Sina mtu. Huu mshikio nilimwomba huyo fundi, akaniwekea. Hata anakokaa sikujui."

Hilo la mwisho hakuna aliyemuuliza. Lilitoka lenyewe, kwa woga, na lilipokwisha kutoka akatamani alidake hewani alirudishe mdomoni.

Mratibu akageuka. "Ni kweli, kaka?"

Fundi aliinua uso. Akamtazama Mama Chiriku mara moja tu, na katika mtazamo ule kulikuwa na yote: dirisha la Redio, kitana, vidole kwenye ukingo wa mlango. Kisha akayakunja yote kama mtu anayekunja godoro asubuhi.

"Kweli, dada," alisema. "Huyu Bibi amenikumbusha mama yangu, ndiyo maana nikamaliza msasa wote. Huyu mama sina habari naye. Namwona tu anavyopita."

Mratibu alikuwa bado anamtazama, akipima, pale Chiriku alipotokea.

Chiriku alikuwa na miaka sita, na jina lile alipewa kwa sababu mdomo wake ulianza kazi kabla ya macho kufunguka na haukufunga mpaka amelala. Alikuwa anatoka shuleni anaimba. Kila siku, akimkuta Fundi amechuchumaa mahali popote, alikuwa na mtindo mmoja: anakimbia kutoka mbali, anamrukia mgongoni, anamkaba shingo, anamsimulia yote yaliyotokea shuleni ndani ya sikio lake. Na leo Fundi alikuwa amechuchumaa pale pale mlangoni, mgongo wazi.

Mama Chiriku alisikia mbio za viatu vidogo. Akataka kukohoa, akachelewa.

Mbio zikakatika. Wimbo ukakatika. Chiriku alikuwa amemwona Mratibu ndani.

Alisogea taratibu, mikono nyuma. "Shikamoo, fundi," alisema, kwa ile sauti ya mtoto anayemsalimia mpita njia. Akaruka mfuko wa vifaa bila kuugusa, akapita kando ya bega la Fundi kama anavyopita kando ya nguzo. "Shikamoo, Mama Mratibu."

"Marahaba, mrembo. Umekua! Hebu niambie, unamjua huyu fundi?"

Chiriku akageuka. Akamtazama Fundi kwa muda, kwa makini, kuanzia viatu mpaka nywele, na macho yake makubwa hayakuwa na kitu ndani.

"Simjui," alisema. "Mama amenikataza kuongea na wanaume nisiowajua."

Mama yake alikuwa amemfundisha asimuite Fundi kwa kelele siku ya ukaguzi. Basi. Hayo mengine alikuwa ameyatunga mwenyewe, pale pale, amesimama.

Mratibu akacheka, mabega yakamshuka, mzigo umemtoka. Akamvuta mtoto kifuani. "Huyu amelelewa," alisema. "Huyu amelelewa kweli." Mtoto wa miaka sita mwenye mdomo ule haendi kinyume na moyo wake; kila mtu anajua hilo. Mratibu akasimama, akamshika Mama Chiriku mikono yote miwili. "Nisamehe kwa kukuuliza. Chumba ni chako, na nesi ataendelea. Ungejua ninavyoogopa kuwatoa. Wewe hasa."

"Nimekusamehe," alisema Mama Chiriku, na aibu ikamshika mpaka kwenye vidole vya miguu.

Mratibu alipotoka, Chiriku alitoka naye, anaruka, anamshika mkono, anamwongoza kwa Redio aone sufuria. Hapana, si kumsaliti Redio. Alitaka tu kuendelea kuigiza, alivyokuwa amenogewa.

Wakabaki watatu.

Bibi akavuta khanga, akajifunika mpaka kichwani. "Mimi nimelala," alisema kutoka chini ya kitambaa. "Sioni na sisikii."

Fundi alikaza skrubu ya mwisho. Akaufungua mlango, akaufunga. Haukutoa sauti. Akaanza kurudisha vifaa kwenye mfuko, kimoja kimoja, kila kimoja mahali pake.

"Imekwisha," alisema Mama Chiriku, anajaribu kucheka. "Tumepona. Ukaguzi mwingine uko mbali. Irudishe rafu, nikuchemshie chai."

"Rafu nitairudisha."

"Na chai?"

Aliinua rafu, akaipachika, akaipima kwa jicho, akaikaza. Aligeuka, na Mama Chiriku akaona kwamba uso wake umebadilika, umekuwa uso wa mtu mzee.

"Umeona alivyonitazama?" alisema Fundi.

"Ni mtoto. Alikuwa anatuokoa."

"Najua. Alifanya vizuri kuliko sisi wote. Mimi nilitetemeka, wewe ulitetemeka, yeye hakutetemeka. Tumemfundisha uongo, Mama Chiriku. Leo amenitolea mimi. Siku nyingine atamtolea nani?"

"Nitaongea naye."

"Utamwambia nini? Kwamba alikosea?"

Mama Chiriku alitazama mlango aliotokea mtoto. Akamsogelea, akamshika mkono wa shati lile la kwenda kwa watu. "Umekasirika kwa nilivyosema. Kwamba sikujui unakokaa. Liliniponyoka, Fundi wangu. Niadhibu kwa hilo, nitakubali. Usiniadhibu kwa mtoto."

"Sijakasirika."

"Basi tutangoja. Tumeweza mwaka mzima. Tutaweza tena."

"Tutangoja nini?"

Aliuliza kwa upole sana. Mama Chiriku alifungua mdomo ajibu, na jibu lilipofika kwenye ulimi akaliona lilivyo, akafunga mdomo.

"Ndiyo hilo," alisema Fundi, karibu kwa kunong'ona. "Juzi nilikuja ukiwa kazini. Nilimkuta Bibi amelala. Nikasimama pale, nikajikuta namsikiliza kama anapumua. Nilisimama muda mrefu. Na nakuapia, sikujua nataka kusikia nini."

Khanga kule kitandani haikutikisika. Haikutikisika kabisa, wala kupanda wala kushuka, kana kwamba aliyekuwa chini yake naye ameizuia pumzi.

"Yule mwanamke ananiita kijana wangu," Fundi aliendelea. "Mama yangu mwenyewe hakuwahi kucheka na mimi hivyo. Sitaki kuwa mtu anayesimama juu ya kitanda chake na kungoja. Nikikaa hapa nitakuwa mtu huyo. Nimekwisha anza. Na wewe pia utaanza, siku moja utamuosha kidonda, utaona kinapona, na moyo utakudunda vibaya. Siku hiyo utanichukia, na utajichukia wewe."

"Haitafika."

"Haijafika?"

Mama Chiriku aliachia shati. Alikuwa anakumbuka uso wa Mratibu, ile furaha, na lile neno "kinafunga". Alikuwa anakumbuka kitu kidogo, cheusi, kilichopita ndani yake neno lile liliposemwa, kilichopita haraka mno hata hakukipa jina. Akaegemea ukuta.

"Nenda," alisema.

Hakumkumbatia. Kama angemkumbatia asingemwachia. Alisimama tu pale, mikono imeshikana, anamtazama anavyoweka mfuko begani, anavyosimama kizingitini kama anayetaka kukumbuka alichosahau, anavyokosa. Hakusema kwaheri. Alivuka uwanja mchana kweupe, jua likimpiga kisogoni, na wanawake waliokuwa wanafua nje hawakuinua vichwa, kwa sababu fundi amemaliza kazi anakwenda zake.

Muda si mrefu vigelegele vikalipuka kule nje. Nyumba nzima ilikuwa imepita. Redio alikuwa ameipakata ile sufuria, anacheza nayo, na hakuna chumba hata kimoja kilichoondolewa mtu. Wakamnyanyua Chiriku juu juu, habari imekwisha kuwafikia, wakamtunza kwa makofi.

Alirudi anakimbia, anahema, uso unang'aa.

"Mama! Nimeweza?"

"Umeweza, mwanangu."

"Fundi nilimchekesha, ulimwona? Alijizuia mpaka macho yakamjaa maji! Yuko wapi? Nataka kumuuliza kama aliogopa."

"Ametoka."

"Anarudi saa ngapi?"

"Nenda kacheze, Chiriku. Wenzako wanakuita."

Mtoto akatoka mbio. Mama Chiriku akabaki katikati ya chumba, mikono haijui pa kwenda. Nje walikuwa wameanza kuimba, na mtu akamwita aje, aje acheze, siku kama hizi ni chache.

"Mwanangu," alisema Bibi kutoka chini ya khanga. Sauti haikuwa na mzaha hata chembe. "Nigeuze. Upande huu umechoka."

Mama Chiriku akaenda. Akaipeleka mikono chini ya mwili ule mwepesi, begani na kiunoni, kama alivyozoea, akamvuta taratibu asikiguse kidonda, akamgeuza upande wa pili. Khanga ikateleza. Uso wa Bibi ulikuwa umelowa wote, mpaka masikioni. Mama Chiriku aliufuta uso ule kwa kiganja chake, na kwa kiganja kile kile akafuta wa kwake.